Siku Niliyowatoa Ng'ombe wa Kabula

Rehema, msaidizi wangu, amebandika karatasi mlangoni mwa studio akitangaza kwamba Ijumaa kutakuwa na chai ya kumuaga mstaafu. Mstaafu huyo ni mimi. Nina miaka thelathini na minne na sina mvi hata moja. Nilipolalamika juu ya neno hilo, alinijibu kwamba mtu aliyeinama nyuma ya kamera kwa miaka tisa mgongo wake umeshastaafu. Kilichobaki ni mwenyewe kuufuata. Ninaondoka Bariadi kwenda kufundisha katika chuo kidogo cha ufundi, na kamera ninamwachia yeye. Ninaandika haya kwa ajili yake na kwa wengine watakaoishika baada yake. Nilivyopanda cheo na nilichokuwa nikilipwa sitavieleza, kwa kuwa havimsaidii mtu kusimamisha miguu mitatu ya kamera penye mteremko. Nitaieleza kazi yenyewe, na zaidi kosa moja nililolifanya kwa nia njema, kwa maana ndilo lililonifundisha zaidi ya cheti changu.

Siku ya kwanza nilifika na cheti hicho ndani ya bahasha ya plastiki. Chuoni Dar es Salaam nilikuwa nimeandika insha ndefu kuhusu ukweli na picha. Niliamini kwa dhati kwamba kamera inayojificha ni kamera inayodanganya, na kwamba mtengeneza filamu mwadilifu ana wajibu wa kumkumbusha mtazamaji, wakati wote, kwamba anachokitazama ni filamu. Mwenye studio, Mama Zuhura, alikuwa mjane mzaliwa wa Tabora aliyeishi Bariadi muda mrefu kiasi cha kuamkiana na wateja kwa Kisukuma. Kazi zake zilikuwa picha za paspoti, kutoa kopi, na video za harusi. Alikisoma cheti changu mara mbili.

“Hapa wameandika umesomea filamu,” alisema. “Kufagia ulisomea wapi?”

“Nyumbani, mama.”

“Basi anza na hicho cha nyumbani. Hicho cha chuo tutakiona Jumamosi.”

Jumamosi ilikuwa siku ya harusi. Kamera yenyewe ilinunuliwa ikiwa imeshatumika, na bawaba ya kioo chake ilikuwa imevunjika, ikafungwa kwa ukanda wa tyubu ya baiskeli. Ukanda huo upo mpaka leo. Rehema, usiubadilishe, kwani fundi atakayeigusa bawaba ile atatuachia vipande. Mama Zuhura alinifundisha jambo moja tu siku ile. “Ukibonyeza, hesabu mpaka tano kabla hujaamini. Ukitaka kuzima, hesabu tena tano. Watu husema ya kweli wakidhani hujaanza, na wakidhani umemaliza.” Kwa kuwa alinifundisha jambo hilo akitafuna kashata, sikulichukulia kuwa nadharia. Baadaye niligundua kwamba chuoni tulikuwa tumesoma vitabu vitatu vilivyosema hilohilo.

Tabu ya kamera ile ilikuwa taa yake nyekundu ya mbele. Ikiwaka tu, watu waliganda. Shangazi aliyekuwa akicheka alikunja uso kama aliyeitwa ofisi ya kata. Kwa hiyo niliiziba kwa kipande cha utepe mweusi. Mama Zuhura alikiona.

“Msomi,” aliniuliza, kwa maana hilo ndilo jina alilonipa tangu siku ile, “si ulisema kamera inayojificha ni mwongo?”

“Nimeziba taa tu, mama. Sijaificha kamera.”

“Haya. Umewaziba wao macho, na wewe umejiziba. Siku moja hicho kiplasta kitakuponza.”

Nilicheka. Kiplasta hicho nitakirudia.

Katika kukata video za harusi nilianza kuona kitu. Kila video ilikuwa na sekunde zake za mwanzo ambazo wateja walitaka zitupwe: mtu anaweka sawa kola, mshereheshaji anakohoa, bibi mmoja anauliza, “Umeanza?” Sikuweza kuzitupa. Nilizihifadhi, na zilipokuwa nyingi nikaziunga pamoja, bila harusi hata moja, nikapata filamu ya dakika sita niliyoiita *Umeanza?* Niliionyesha alasiri moja kwenye ukuta wa chumba cha nyuma, madirisha yakiwa yamezibwa kwa khanga. Mgeni wangu wa heshima alikuwa Mzee Salum, fundi redio wa mlango wa pili.

“Sasa harusi iko wapi?” aliuliza ilipofika katikati.

“Hakuna harusi, mzee. Ni filamu kuhusu kupiga filamu.”

“Yaani umeniita nitazame watu wakijiandaa?”

“Ndiyo.”

“Kwangu naitazama hiyo kila Ijumaa mke wangu akivaa, na hakuna anayeniita msomi.”

Watu walicheka, nami nikacheka kwa shida. Lakini filamu ilipokwisha Mzee Salum hakuinuka. Aliniomba nirudishe mahali fulani, mtu mwenye kofia aliyegeuka na kuuliza, “Umeanza, bwana mdogo?” Alikuwa kaka yake, aliyekwisha kufariki. Katika video nzima ya harusi ile kaka yake alionekana mara nyingi akiwa amenyamaza, amesimama wima kwa ajili ya kamera. Sauti yake ilikuwa katika kile kipande walichotaka kitupwe. Mzee Salum alikisikiliza mara tano, kisha akarudi kwenye redio zake bila kuaga. Tangu siku hiyo nilijiona nimethibitishwa, na mtu aliyethibitishwa mapema ni hatari kwa majirani zake.

Nikatengeneza nyingine. Katika msimu wa pamba nilikwenda kwenye ghala la ununuzi nikapiga kivuli changu na kivuli cha kamera vikitembea juu ya malundo meupe, mpaka mkulima mmoja akaniuliza kama kivuli hicho kitaondoka au kitapimwa pamoja na pamba yake. Kisha nikapata wazo nililoliona kubwa kuliko yote. Filamu ingeitwa *Mara ya Pili*. Kila tendo lingeonekana mara mbili: kwanza lilivyotokea, halafu lilivyorudiwa kwa ajili ya kamera. Katikati nisingezima, ningeacha ionekane pia namna ninavyowaomba watu warudie. Mtazamaji angejiuliza ni lipi la kweli. Nilimpiga mama akimimina maji, kisha akimimina tena. Nilimpiga abiria akishuka treni Malampaka, akapanda, akashuka tena, tukafokewa. Kinyozi alikubali kila kitu isipokuwa kunyoa mara ya pili, kwa sababu kichwa kilikuwa kimekwisha nywele. Hapo ndipo nilipopaswa kujifunza. Sikujifunza.

Mzee Nkwabi wa Mwamapalala alifahamiana na Mama Zuhura kwa miaka mingi, na binti yake Kabula alipochumbiwa na kijana aitwaye Maduhu, wa upande wa Maswa, alituomba twende kupiga siku ambayo ng'ombe wa mahari wangeletwa. Mama Zuhura mwenyewe alikuja, akaketi na akina mama. Mimi nilizaliwa Bariadi mjini, mtoto wa muuguzi. Kisukuma ninakielewa, lakini zizi nililijua kwa harufu tu. Niliwaamkia wazee, “Mwangaluka,” wakaitika vizuri, nikajihesabu kuwa mwenyeji.

Ng'ombe walifika kabla ya jua kuwa kali, wakiswagwa na vijana wa upande wa Maduhu. Waliingia zizini, vigelegele vikapigwa, miti ya lango ikashushwa, na wazee wa pande zote mbili wakaenda nyuma ya nyumba kunawa na kula. Niliipata vizuri. Vumbi lilikuwa la dhahabu. Nami nikafikiri: sasa mara ya pili.

Niliwaendea wale vijana waliokuwa wakipumzika langoni. “Watoeni kidogo,” niliwaambia, “halafu waingie tena. Ni kwa ajili ya kamera.” Walitazamana. Mmoja aliniuliza kama wazee wanajua. Nilimjibu kwamba ni dakika mbili tu. Wakainua miti ya lango.

Katika ukoo ule, na wameniambia si ukoo ule peke yake, ng'ombe wa mahari wakiingia zizini na lango likafungwa, neno limekwisha. Wakitolewa siku hiyohiyo, kupitia lango lilelile, wakaelekezwa walikotoka, maana yake ni moja: baba wa binti amewakataa wakwe. Hilo halihitaji kutamkwa. Linatamkwa na ng'ombe. Nao ng'ombe, walipoona lango liko wazi na wanaijua njia, hawakusubiri maelekezo yangu. Fahali aliyetangulia alishika njia ya kwao akienda mbiombio kama aliyekumbuka kitu alichokisahau nyumbani, na wengine wakamfuata.

Mzee Sita, mjomba wa Maduhu na mshenga wa shughuli nzima, alikuwa bado ananawa. Aliona migongo ya ng'ombe ikipita nyuma ya uzio. Aliacha maji yamwagike.

“Nkwabi,” alisema polepole, “umetukataa?”

“Nani? Mimi?”

“Ng'ombe zimetoka.”

Vigelegele vilikatika, hata mchi uliokuwa ukitwanga ulisimama. Mlangoni kwa mama yake nilimwona Kabula, amevaa kitenge kipya, ameshika mwimo wa mlango.

“Zimetoka kwa amri ya nani?” Mzee Nkwabi aliuliza.

Nilijitokeza. Ni lazima niseme kweli: maneno yangu ya kwanza hayakuwa ya kuomba radhi, yalikuwa ya kueleza. Niliwaambia kwamba ilikuwa kwa ajili ya filamu.

“Filamu ni mtoto wa nani?” Mzee Sita aliniuliza.

Aliendelea, na sasa hakusema nami tena. Alisema walishasikia kwamba kuna mchumba mwingine, mtu wa Malampaka, mwenye maduka. Kwamba kama Nkwabi alitaka kumpokea huyo angesema wazi, asimtume mtoto wa mjini na mashine ili kesho adai ng'ombe walitoka wenyewe. Vijana wake walikuwa wameshaanza kuokota fimbo zao. Nilimtazama Kabula. Hakulia. Alikuwa anawatazama ng'ombe, ambao kwa wakati huo walikuwa wamefika kwenye mti wa mwisho kabla ya barabara, na kila hatua yao ilikuwa inamvunjia ndoa.

Mama Zuhura alinijia na kunishika kiwiko. “Ile mashine uliizima?”

“Hapana, mama. Huwa siizimi katikati.”

“Basi nenda ukawaonyeshe. Usiwaonyeshe ng'ombe. Wasikilizishe sauti yako.”

Jua lilikuwa kali, kioo kidogo kisingeonekana. Mama Zuhura alivua khanga yake ya begani akawafunika wale wazee wawili, Sita na Nkwabi, pamoja na kamera. Kwa hiyo watu waliokuwa karibu kuachana kwa maisha walijikuta vichwa vyao vimegusana ndani ya khanga moja, nami nje, nikiisikia sauti yangu ikitoka humo ikiwa nyembamba na yenye kujiamini kupita kiasi: “Watoeni kidogo, halafu waingie tena. Ni kwa ajili ya kamera.” Kisha swali la kijana: je, wazee wanajua? Kisha jibu langu.

“Rudisha,” alisema Mzee Sita kutoka ndani.

Nilirudisha.

“Tena.”

Mara ya tatu alitoa kichwa, kofia imepinda. “Kumbe wewe cha kwako unaweza kukirudia kadiri utakavyo,” aliniambia. “Ng'ombe haziwezi.”

Hawakuachana. Lakini msidhani kwamba mambo yalirudi palepale. Wazee walikubaliana kwamba ng'ombe waliotoka hawawezi kuingizwa kimyakimya kana kwamba hawakutoka. Warudi kwao, walale kwao, na waje upya siku itakayopangwa. Na kwa kuwa aliyewatoa hakuwa Nkwabi, aliyewatoa awasindikize mwenyewe kwa miguu, akaseme langoni kwa akina Maduhu.

Nilipokuwa nafunga kamba za viatu, viatu vya mjini vyenye soli laini, Kabula alikuja akasimama mbele yangu.

“Kaka Msomi, ulitaka kuniona naolewa mara mbili?”

“Nisamehe, dada.”

“Nitakusamehe wakirudi. Lakini nijibu kimoja. Walipoingia mara ya kwanza, ni kitu gani ambacho hukukiona?”

Nilifikiri kweli, kwa uaminifu, kama nilivyofundishwa. “Nilikiona chote,” nilimwambia.

“Basi.” Alitaka kuondoka, kisha akageuka. “Na hiyo sauti yako usiifute. Akitokea mtu siku moja akasema baba alinikataza Maduhu, nitakuja kuichukua.”

Nilitembea nyuma ya ng'ombe kutoka asubuhi hiyo mpaka jua likaanza kushuka. Vijana walinikebehi njia nzima, kila tulipovuka korongo mmoja wao aliita, “Kata! Turudie!” Langoni kwa akina Maduhu, mama yake alikuwa ameshapata habari mbaya kabla yetu na alikuwa amesimama mikono kichwani. Nilisema nilichoagizwa: “Ni mimi niliyewatoa. Mzee Nkwabi hakuwatoa.” Alinitazama usoni, akashuka mpaka miguuni, ambako soli moja ilikuwa imeachia na kufungua kinywa.

“Kwa viatu hivyo?” aliuliza. Kisha akacheka, na mimi nikajua kwamba Kabula ataolewa.

Ng'ombe walirudi Mwamapalala baada ya majuma kadhaa. Siku hiyo nilikuwa dukani natoa kopi. Mzee Sita alikuwa ameagiza kwamba kamera isikaribie, na lilikuwa agizo la haki. Kwa hiyo kuingia kwa kweli kwa ng'ombe wa Kabula, kule kulikomwoza, hakumo katika mashine yoyote. Filamu niliimaliza hata hivyo. Nilitoa picha zote za ng'ombe, nikaacha kioo cheusi, sauti yangu ikiwaomba vijana, kimya baada ya vigelegele kukatika, na swali la Mzee Sita. Niliwaonyesha kwanza Kabula na Maduhu, wakaruhusu. Mama Zuhura aliitazama amesimama, mkono kiunoni.

“Zile nyingine zilikuwa na kamera ndani,” alisema. “Hii ina mtu.”

Sijapata sifa nyingine ninayoikumbuka neno kwa neno.

Nimeendelea kufanya kazi hii kwa miaka mingine mingi, na bado ninaamini kwamba filamu inayojitazama yenyewe ina kazi ya kufanya hapa kwetu, ambako kila harusi sasa ina simu arobaini hewani. Lakini mtu akitaka kuitazama kamera, ajitazame pia yeye anayeomba. Kabla hujamwambia mtu arudie, mwulize kama kitu hicho kina mara ya pili. Vingine vinayo. Maji yanayo. Kichwa cha mteja wa kinyozi hakina.

Juma lililopita ilikuwa kazi yangu ya mwisho, na sikuipanga mimi. Mzee Nkwabi alikuja mwenyewe studio, akamwamkia Mama Zuhura, akasema mdogo wake Kabula analetewa ng'ombe na kwamba anataka picha. “Aje huyuhuyu,” alisema akinionyesha kwa fimbo. “Amekwisha funzwa. Mwingine tutaanza naye upya.” Akaongeza sharti: nisimame ndani ya zizi, ng'ombe wakiingia nibaki nao huko.

Nilikwenda na Rehema. Kabula alikuwepo, mtoto mgongoni, akaniuliza kama nimekuja na viatu. Ng'ombe walipoonekana nilibonyeza, nikahesabu mpaka tano, nikawafuata kwa kamera wakiingia mmoja mmoja, vumbi kama lile la kwanza. Miti ya lango ikashuka. Nikahesabu tano, nikazima.

Mzee Nkwabi alitaka kuona papo hapo. Rehema alishika khanga juu yetu wawili, nikawasha. Kioo kilionyesha lango limefungwa. Kikaonyesha viatu vyangu. Kikaonyesha kwato za ndama na upande wa fimbo ya mzee, ikasikika na sauti ya Rehema ikiuliza, “Kaka, umemaliza?” Hakukuwa na ng'ombe hata mmoja akiingia. Nilielewa mara moja, kama kila anayefanya kazi hii atakavyoelewa: kidole kilikuwa kimegusa mapema, kamera ikawa inarekodi tangu tukiwa njiani, nami nilipobonyeza nikidhani naanza, nilizima, nilipobonyeza nikidhani nazima, nilianza. Taa nyekundu ingeniambia. Niliiziba mwenyewe, miaka tisa iliyopita.

Rehema aliinama sikioni mwangu. “Kaka, vijana bado wako langoni,” alinong'ona. Nilitikisa kichwa kukataa.

Mzee Nkwabi aliendelea kutazama lango lile lililofungwa mpaka picha ikaisha.

“Ng'ombe ziko wapi?” aliniuliza.

“Sikuwapata, mzee. Ni kosa langu.”

Alitoa kichwa ndani ya khanga, akageuka, akawatazama ng'ombe waliokuwa wametuzunguka wakitafuna, mmoja akimlamba Rehema mkono. Kisha akarudi kwenye kioo, akaliangalia lango tena.

“Lakini zimeingia?”

“Zimeingia, mzee.”

“Na lango limefungwa. Hilo naliona.”

“Limefungwa.”

“Basi imetosha,” alisema. “Nipe hiyohiyo.”

Rehema, kiplasta nimekibandua. Lakini dakika zile tatu za lango usizikate, hata mwanzo wake wala mwisho wake.